Nasaba, Sensa na Jina la Mswahili: Majibu kwa Wasomaji

SWALI: Mhariri, assalamu alaykum. Mimi ni mwanamke wa miaka 46, mkazi wa South C hapa Nairobi, lakini nilizaliwa na kulelewa Pumwani. Marehemu nyanya yangu, mzaa baba, alikuwa akisema sisi ni Waswahili wa Majengo, basi, na hakupenda kuulizwa zaidi. Baba yangu naye hushikilia kwamba sisi ni Waarabu, kwa kuwa baba wa babu yake alikuja kwa jahazi kutoka Hadhramaut, kule Yemen. Karani wa sensa alipobisha hodi mwaka 2019, baba na shangazi yangu walibishana mbele yake mpaka chai ikapoa, na mwishowe nilitaja jina moja mimi mwenyewe ili kijana wa watu aende zake. Juzi binti yangu ameniambia kwamba wako wataalamu wa anthropolojia, elimu ya jamii za watu na desturi zao, waliowachunguza Waarabu na Waislamu kwa miaka mingi. Je, yuko yeyote kati yao anayeweza kutueleza sisi ni nani? – Mama wa watoto watatu, South C

JIBU: Wa alaykum salaam, mama, na Mungu amrehemu nyanya yako.

Jibu fupi ni hapana. Hakuna mwanaanthropolojia makini atakayeketi barazani kwenu, asikilize kisa cha jahazi, kisha akate hukumu kwamba ninyi ni Waarabu au si Waarabu. Anachoweza ni kukuonyesha kwamba baba yako na shangazi yako hawakuwa wakibishana juu ya jambo moja. Kila mmoja alikuwa akijibu swali lake, lililoulizwa zamani na watu mbalimbali kwa sababu mbalimbali, na karani wa sensa, maskini, aliyakuta maswali yote mawili yamerundikwa mezani pamoja na vikombe.

Kwa kuwa umetaja Hadhramaut, tuanzie huko, na bahati nzuri wa kutuongoza ni Mkenya mwenzetu. Abdalla Bujra, ambaye baadaye alikuwa Katibu Mtendaji wa CODESRIA, lile baraza la watafiti wa sayansi za jamii barani Afrika lenye makao yake Dakar, alikwenda Hadhramaut mwanzoni mwa miaka ya 1960 akakaa katika mji mdogo wa Hureidah, na utafiti wake ukachapishwa mwaka 1971. Napenda kuutaja huu kwanza kwa sababu tumezoea kuona mtafiti akitoka Ulaya au Marekani kuja kututazama sisi. Safari hii mtu wa Afrika Mashariki ndiye aliyekwenda Uarabuni na daftari lake. Alikuta mji ambao wenyeji wake walikuwa Waarabu na Waislamu, na bado hapakuwa na mtu aliyetosheka kuitwa hivyo tu. Juu walikuwa masada, wanaohesabu ukoo wao hadi kwa Mtume, ambao huku kwetu tunawaita masharifu. Baada yao walikuja mashehe pamoja na watu wa makabila, na chini kabisa walikuwa wale walioitwa masikini, neno ambalo pale halikuwa na maana ya mtu asiye na mali tu, bali lilitaja tabaka zima la watu wasio na nasaba ya kujivunia. Mwanamume wa juu aliweza kuoa chini yake, lakini binti wa kisharifu hakuozwa kwa asiye sharifu, hata mposaji angekuwa tajiri au mwanachuoni wa kiasi gani.

Sasa mfikirie yule mzee wenu wa jahazi. Nyumbani kwake hakuna aliyemwita Mwarabu, kwani jina hilo lisingemtofautisha na jirani yake yeyote. Aliulizwa ni wa tabaka gani na wa ukoo gani. Uarabu aliuvaa alipovuka bahari. Na hata alipofika Mombasa, watu wa pwani hawakumwita Mwarabu hivi hivi, bali walimwita Mshihiri, kwa jina la bandari ya Shihr, kama walivyomwita mgeni kutoka Oman Mmanga, na wazee wa pwani wanajua kwamba majina hayo hayakutamkwa kwa heshima kila mara. Wenziwe waliohamia kisiwa cha Java, Indonesia ya leo, nao walijikuta katika mabishano yao. Mwaka 1914 ilianzishwa huko jumuiya ya al-Irshad, iliyoongozwa na mwanachuoni kutoka Sudan, Ahmad Surkati, na ugomvi wake na masharifu ulihusu mambo mawili ambayo yangeeleweka vizuri sana Lamu: kubusu mkono wa sharifu, na iwapo sharifa anaweza kuolewa na mtu asiye wa ukoo wake. Watu walikuwa wamekwenda ugenini wakiwa fukara, wakapata mali, kisha wakaanza kuuliza kwa nini mkono ule ubusiwe.

Baba yako basi anajibu swali la nasaba: nani alimzaa nani, upande wa wanaume. Ni swali halali na lina adabu zake. Lakini nchini Kenya liliingiliwa na swali la pili, la serikali, ambalo nadhani ndilo lililolitia ukali. Serikali ya kikoloni iligawa watu kuwa wenyeji na wasio wenyeji, na katika mgawanyo huo zilitoka kodi, kipande na mahali pa kuishi. Mwarabu aliandikwa miongoni mwa wasio wenyeji, ilhali Mswahili, ambaye huenda alikuwa jirani yake wa ukuta kwa ukuta na shemeji yake juu ya hayo, aliwekwa kwa muda mrefu upande wa wenyeji. Ndiyo maana watu wa Thelatha Taifa na Tisa Taifa, yale makundi mawili ya koo za Waswahili wa Mombasa, walitumia miaka mingi wakidai wahesabiwe pamoja na Waarabu. Mambo hayo hayakuwa ya pwani peke yake. Kati ya mwaka 1936 na 1941, Wasomali wa ukoo wa Isaaq, waliokuwa wakiishi Nairobi, Isiolo na miji mingine, walipigania wahesabiwe pamoja na Waasia, wakisema kwamba mzee wao, Sheikh Isaaq, alitoka Uarabuni. Na kodi waliyoidai ilikuwa kubwa kuliko ile waliyotakiwa kulipa. Mtu akiomba kulipa zaidi, ujue kodi siyo inayogombewa.

Ukitaka kumwelewa nyanya yako, hata hivyo, itakubidi uache Hadhramaut na Mombasa urudi Majengo, huko Pumwani. Mtafiti Janet Bujra, katika makala aliyoichapisha mwaka 1975, aliwaeleza wanawake wa Nairobi ya mwanzo waliojitafutia fedha mjini kwa njia zilizokuwapo, wengine kwa kuuza pombe, wengine kwa kuuza mwili, wakajenga nyumba za kupangisha kwa majina yao wenyewe wakati ambapo vijijini walikotoka mwanamke hakuwa na ardhi. Wengi walikuwa wamezaliwa katika jamii zisizo za Kiislamu. Mjini walisilimu, wakashika Kiswahili, wakaingia katika umma uliokuwa tayari na msikiti, ndoa na maziko yake, na wakaitwa Waswahili. Simsemi nyanya yako, mama, maana sikumjua, na huenda maisha yake yalikuwa tofauti kabisa. Ninachosema ni kwamba katika mtaa ule, tangu ulipoanzishwa mapema katika miaka ya 1920, jina la Mswahili lilikuwa na maana ya mtu wa mji aliye Mwislamu, bila kujali mama yake alizaliwa Kiambu, Machakos au Nandi. Lilikuwa jina la watu waliokubaliana kutoulizana sana. Aliposema "basi", nadhani alikuwa anaitetea adabu hiyo.

Usidhani kwamba mlango huo umekuwa wazi kila mahali. Mwanaanthropolojia Janet McIntosh, aliyefanya utafiti wake Malindi na kuuchapisha mwaka 2009, aliwakuta Wagiriama wengi wakiuona Uislamu kama mali ya Waswahili na Waarabu, na Mgiriama aliyesilimu akabaki Mgiriama machoni pa majirani zake Waislamu. Zamani ilisemwa pwani kwamba mtu akisilimu na kushika desturi za mji anakuwa Mswahili. Huko Malindi jina lilikuwa limefungwa kwa damu. Dini ni ile ile, nchi ni ile ile, na kilichofungua Pumwani kikafunga Malindi. Sababu moja kubwa, kwa maoni yangu, ni kwamba Pumwani kila mtu alikuwa mgeni, ilhali Malindi kuna mashamba, na kuna kumbukumbu ya nani alikuwa mtumwa wa nani.

Hata lugha yetu ina kovu la jambo hili. Leo tunasema "ustaarabu" kwa maana ya utu uliopevuka, na wachache hukumbuka kwamba ndani ya neno hilo amekaa Mwarabu: kustaarabu ni kufanana naye. Wanahistoria wa pwani wameonyesha kwamba kabla ya Wabusaidi, masultani wenye asili ya Oman, kuutawala mwambao katika karne ya 19, neno lililobeba maana hiyo lilikuwa "uungwana", yaani hali ya mtu huru mwenye mji wake. Waliobadilika ni wakubwa wa nchi, na kipimo cha tabia njema kikabadilika pamoja nao. Mwanaanthropolojia wa Misri, Abdul Hamid el-Zein, aliyekaa Lamu na kuchapisha utafiti wake mwaka 1974, aliikuta vita hiyo ya maneno ingali hai: waungwana wa mji upande mmoja, na upande wa pili masharifu waliofuata mafundisho ya Habib Swaleh, aliyekuja kutoka Komoro na kuwafungulia elimu watu ambao wenye mji waliwadharau. Pande zote mbili zilitaja Mtume yule yule na Kitabu kile kile. Kila upande ulivitumia kueleza kwa nini wenyewe ndio wenye haki ya kuheshimiwa.

Kuhusu sensa, orodha ya mwaka 2019 ilikuwa na Waarabu wa Kenya, na ilikuwa na Waswahili. Karani aliruhusiwa kuandika jina moja tu, na hilo ndilo tatizo la fomu. Hukuniambia ulitaja lipi, nami sitakuuliza.

SWALI: Bwana Mhariri, nimepima vinasaba vyangu kwa kampuni ya ng'ambo, nikaambiwa nina asili ya Afrika Mashariki kwa sehemu kubwa, na sehemu ndogo ya Uajemi na Uarabuni. Jamaa zangu wana shajara ya ukoo inayoanzia Shiraz, mji wa Uajemi. Nani mwongo? – Msomaji, Ngara

JIBU: Hakuna mwongo, ila kuna neno linalotuchezea. Kiswahili kimeliunda neno "vinasaba" kutokana na "nasaba", nasi tukadhani vitu hivyo viwili ni kimoja. Nasaba ni orodha iliyochaguliwa: hufuata wanaume, huruka wasiotakiwa, na huanzia pale ambapo waandishi walitaka ianzie. Vinasaba havichagui. Vinawahesabu na akina nyanya wote ambao hakuna aliyewaandika.

Mwaka 2023 kundi la watafiti, akiwamo mwanaanthropolojia wa Kenya Chapurukha Kusimba, walichapisha uchunguzi wa mabaki ya watu 80 waliozikwa katika miji ya pwani, na katika mji mmoja wa bara, kati ya mwaka 1250 na 1800 hivi. Kwa wengi wa watu wa miji ya pwani, zaidi ya nusu ya vinasaba vyao vilitoka Afrika, hasa kwa wanawake, na sehemu kubwa ya vile vya Asia ilitoka kwa wanaume wa Uajemi. Uchanganyikaji wenyewe ulianza yapata mwaka 1000. Baada ya mwaka 1500 hivi, asili ya Uarabuni ndiyo iliyozidi kuingia. Kwa hiyo masimulizi ya Washirazi, yaani watu wa pwani wanaosema wazee wao walitoka Shiraz, ambayo wasomi wengi waliyafanya hekaya, yana ukweli ndani yake, na shajara yako nayo imeacha nje zaidi ya nusu ya wazee wako. Unaweza kuitundika ukutani kama kawaida. Itakuwa vyema ukumbuke tu kwamba majina ya wanawake hayamo.

SWALI: Assalamu alaykum. Sisi Wanubi wa Kibra ni Waislamu, na Kinubi chetu kimejaa Kiarabu. Kwa nini basi hatuhesabiwi kuwa Waarabu? Mwalimu wangu wa shule alisema utambulisho wa mtu ni lugha na dini yake. – Kijana wa Makina, Kibra

JIBU: Wa alaykum salaam, ndugu yangu mdogo. Mwalimu wako ametoa kanuni nzuri, nanyi ndio mnaoivunja. Wazee wenu walikuwa askari waliochukuliwa Sudan, wakatoka katika jamii nyingi za kusini, na lugha yao ilizaliwa kambini, pale ambapo watu wa lugha nyingi walihitaji kuelewana kwa amri na kwa biashara. Msamiati wake kwa sehemu kubwa ni wa Kiarabu, lakini sarufi yake imejijenga yenyewe, na wanaisimu, tangu Bernd Heine alipokichunguza Kinubi cha Kibera mwaka 1982, wanakihesabu kuwa krioli, yaani lugha mpya iliyozaliwa kwa mchanganyiko, yenye asili ya Kiarabu, siyo lahaja ya Kiarabu.

Huko Sudan kwenyewe jina la Mwarabu si rahisi kama tunavyodhani Nairobi. Talal Asad, aliyezaliwa Madina mwaka 1932 na ambaye baadaye alikuwa miongoni mwa wanafikra wakubwa wa anthropolojia ya Uislamu, alianza kazi yake kwa Wakababish, wafugaji wa ngamia wa Kordofan ya kaskazini. Hao waliitwa Waarabu kwa sauti zote, lakini watu wa miji ya mto Nile mara nyingi walilitumia jina hilo kwa maana ya mfugaji wa jangwani, na hawakufurahi kuitwa nalo wao wenyewe, ijapokuwa walizungumza Kiarabu tangu kuzaliwa.

Kibra, wazee wenu walichagua jina lililowaunganisha na ardhi waliyokaa, na walilipigania miaka mingi hadi mwaka 2017, jamii ya Wanubi ilipokabidhiwa hatimiliki ya ekari 288. Jina la Waarabu lisingewapatia hati hiyo, na nadhani walilijua hilo vyema kuliko mimi na mwalimu wako.

SWALI: Kwa Mhariri. Mimi ni mwanafunzi wa chuo kikuu, msichana Mwislamu wa Eastleigh, na ninataka kuandika tasnifu yangu juu ya akina mama wanaohudhuria darsa za msikiti katika mtaa wetu. Mhadhiri mmoja ameniambia kwamba siwezi kuwatazama watu wangu mwenyewe kwa jicho la haki. Mama yangu naye ana hofu kwamba nitaonekana mpelelezi. Nifanye nini? – Mwanafunzi, Eastleigh

JIBU: Dada yangu, hofu ya mama yako naiona nzito kuliko ya mhadhiri, kwa hiyo nitaanza na yeye.

Lila Abu-Lughod, mtoto wa baba Mpalestina na mama Mmarekani, alipokwenda mwishoni mwa miaka ya 1970 kuishi na Wabedui wa Awlad Ali katika jangwa la magharibi la Misri, baba yake alisisitiza kumsindikiza. Yeye aliona haya kidogo. Mtafiti gani huyu anayeletwa na babake? Baadaye alielewa kwamba baba alikuwa na busara. Msichana aliyefika peke yake angeonekana hana watu wake, na asiye na watu hakuna anayemwamini. Kwa kuwa aliletwa na baba, mwenyeji wake alimpokea kama binti wa nyumbani, akaketi na wanawake, na huko ndiko alikosikia mashairi mafupi waliyoimba kueleza huzuni na mapenzi ambayo katika mazungumzo ya kawaida wasingethubutu kuyataja. Utafiti wake ulichapishwa mwaka 1986. Mpeleke mama yako kwenye darsa ya kwanza, basi, na umwache azungumze yeye kabla yako.

Mhadhiri wako naye ana hoja, ingawa ameitia chumvi. Ukiwa mtu wa ndani kuna mambo hutayaona kwa sababu umeyazoea, na kuna mengine utayaona na utaona haya kuyaandika. Lakini mtu wa nje naye huja na mazoea yake. Kwa miaka mingi wataalamu wa Magharibi walimwona mwanamke anayehudhuria darsa ama kama aliyelazimishwa, ama kama anayepinga kitu kwa siri, kana kwamba hapana njia ya tatu. Saba Mahmood, mzaliwa wa Pakistan, aliketi na wanawake wa misikiti ya Cairo, na utafiti alioutoa mwaka 2005 ulieleza kwamba wanawake wale walikuwa wakijifunza kwa makusudi kuwa watu wa namna fulani: kusali kwa wakati, kuona haya, kusubiri, mpaka mwili wenyewe ukazoea. Alikiri pia kwamba yeye mwenyewe aliingia humo na mawazo ya utetezi wa wanawake ambayo yalitikiswa. Huo ndio unyofu utakaoombwa kwako.

Neno moja la nadharia, kwa kuwa litakujia tu. El-Zein aliandika mwaka 1977 kwamba mtafiti asianze na Uislamu mmoja uliokwisha kufasiriwa, bali na maana ambazo watu wenyewe wanaziunda mahali walipo. Asad akamjibu mwaka 1986 kwamba hilo halitoshi, kwani Mwislamu yeyote huanza na Kurani na Hadithi na hubishana na wenzake juu ya lipi ni sahihi, na mabishano hayo yenye historia ndiyo Uislamu wa kuchunguzwa. Mimi namwegemea Asad. Akina mama wa darsa hawataridhika ukiandika kwamba kila mmoja ana Uislamu wake. Wanakuja pale kwa sababu wanaamini kwamba lipo lililo sahihi na lisilo sahihi, na wanabishana juu yake kuanzia mlangoni hadi kwenye matatu.

Usiende na kinasa sauti katika mwezi wa kwanza. Eastleigh ni mtaa ambao watu wake wamewahi kusombwa katika misako, na mtu akiona kifaa kinawaka taa nyekundu hatakumbuka kwamba wewe ni binti wa jirani. Nenda na daftari, omba idhini ya mwalimu wa darsa mbele ya wote, badilisha majina tangu ukurasa wa kwanza, na kila mtu anapokuambia yeye ni nani, awe Msomali, Mborana, Mswahili au Mwarabu, andika kando yake ni nani mwingine aliyekuwapo akisikiliza.